Jinsi ya kufungua na kusafisha bastola ya fataki ya kizamani (Colt Navy 1851 na ndugu zake) bila kujiumiza wala kuiharibu

Kama uko Marekani au Ulaya na umejinunulia replika ya Colt Navy 1851, ile bastola ya silinda ya kizamani unayojaza baruti na risasi ya duara chemba moja moja alafu unapachika fataki (kijikofia kidogo kinachowasha baruti kikigongwa) kwa nyuma, basi jua kwamba kuisafisha hakutaki madawa ya bei mbaya. Kunataka maji. Maji ya moto, sabuni ya vyombo, mswaki uliochakaa, na ufanye siku hiyo hiyo uliyopiga, siyo kesho ukitoka kazini. Watu wengi wakisikia maji na bunduki kwenye sentensi moja wanashtuka, wanakimbilia kupulizia WD-40 wanafuta wanaweka kabatini, wiki mbili baadaye mtutu ndani una kutu ya rangi ya chungwa wanaanza kulaumu Waitaliano walioitengeneza.

Sababu iko kwenye baruti yenyewe. Baruti nyeusi ni shura kama asilimia 75, makaa 15, salfa 10, na ikiungua zaidi ya nusu ya uzito wake inabaki kama moshi na masizi ambayo ndani yake kuna chumvi chumvi za potasiamu. Chumvi hizo zinavuta unyevu wa hewani, na unyevu ukishakaa juu ya chuma kutu inaanza ndani ya masaa. Mafuta hayayeyushi chumvi, maji ndo yanayeyusha. Tena mafuta ya mashine yanayotokana na petroli yakichanganyika na masizi ya baruti yanageuka kitu kizito cheusi kama lami, kinakwama kwenye mtambo na kukitoa ni kazi. Babu zetu wenye magobore walilijua hili zamani, gobore likishapigwa linamiminiwa maji ya moto mtutuni, linasuguliwa kwa mdeki uliofungwa kitambaa, linakaushwa, linapakwa mafuta. Kanuni ni ile ile, hapa tu kuna vipande vingi zaidi.

Neno moja la sheria kabla hatujashika bisibisi. Sheria ya serikali kuu ya Marekani inazihesabu silaha zilizotengenezwa mwaka 1898 au kabla, na replika zake zisizotumia risasi za kisasa za ganda, kama vitu vya kale, ndo maana replika hizi zinauzwa mpaka kwa posta, lakini majimbo yana sheria zao na mengine ni makali, soma ya kwako. Uingereza bastola karibu zote zilipigwa marufuku 1997 ila hizi za kujaza baruti kwa mbele ziliachwa, kwa cheti cha polisi. Nyumbani Kenya na Tanzania usijidanganye kwamba "ni ya kizamani tu", huko silaha ni silaha na inataka leseni, kwa hiyo usimpelekee mjomba zawadi kwenye begi.

Kwanza kabisa: hakikisha haina kitu

Hapa nitakaa kidogo maana bastola hii inadanganya. Bastola ya kisasa ukifungua unaona maganda, huna haja ya kubahatisha. Hii chemba inaweza kuwa na baruti na risasi ndani kabisa na kwa nje usione chochote, hasa kama fataki imeshaanguka. Chemba bila fataki bado imejaa. Cheche ya aina yoyote ikiingia kwenye tundu la nyuma, inalipuka.

Kwa hiyo: ondoa fataki zote na baruti yote mezani, siyo pembeni ya meza, chumba kingine kabisa. Elekeza mtutu sehemu ambayo hata ikitokea balaa hakuna mtu wala ukuta wa jirani. Kidole mbali na triga. Vuta nyundo ya bastola nusu, pale silinda inapozunguka yenyewe kwa mkono, alafu izungushe polepole ukiangalia nyuma nipeli zote sita, yaani vile vijibomba vidogo fataki inapokaa. Ukiona fataki, hata iliyokwisha kupigwa, itoe kwa kijiti cha mbao. Usitumie bisibisi kuichokonoa.

Alafu chukua kijiti chembamba cha mbao, kiingize kwenye kila chemba kwa mbele mpaka kigote, weka alama ya kalamu. Chemba sita zote lazima zitoe kina kile kile na kijiti kifike nyuma karibu na nipeli. Kama moja kijiti kinagota mapema, hiyo ina mzigo. Ingiza kijiti kirefu mtutuni pia kuona kama hakuna risasi iliyokwama njiani.

Ukikuta chemba imejaa na uko uwanja wa shabaha, njia nyepesi ni kuipiga pale pale kwa utaratibu wa uwanja. Kama uko nyumbani, usigonge, usitoboe kwa drili, usiipashe moto, na usidhani kuimwagia maji kumemaliza habari maana baruti iliyolowa ikikauka bado inaweza kuwaka. Peleka kwa fundi wa silaha mwenye leseni, mwambie kabla hujaingia mlangoni. Hii ni muhimu mara mbili kwa bastola orijino ya karne ya 19 uliyorithi au uliyonunua mnadani, zipo zilizokaa na mzigo ndani miaka zaidi ya mia.

Vitu vya kuandaa

Bisibisi zinazokaa sawasawa kwenye mfereji wa skrubu, hizi za fundi wa silaha zenye ncha bapa isiyochongoka, maana bisibisi ya kawaida ya jikoni itateleza na kula kichwa cha skrubu na ukishakula hakirudi. Spana ya nipeli (mara nyingi inakuja na bastola au unanunua, replika nyingi za Italia nipeli zake ni uzi wa M6 x 0.75). Nyundo ndogo ya plastiki au ya mbao na kipande cha mbao ngumu au shaba. Fimbo ya kusafishia na brashi ya saizi ya mtutu wako, Navy ni ya kipenyo cha inchi .36 na ndugu yake Army ni .44, usichanganye. Mswaki, vijiti vya meno, fulana kuukuu ya pamba iliyokatwa vipande vidogo, ndoo au beseni la kazi hiyo tu, sabuni ya maji, taulo, mafuta. Na glavu, kwa sababu risasi ni madini ya risasi, na fataki nazo zina risasi. Usioshee kwenye sinki la vyombo, usile kitu ukiwa kazini, watoto wasiwepo, na ukimaliza osha mikono kwa sabuni na maji ya baridi kabla hujashika chochote.

Piga picha na simu kila ukifungua kitu. Najua unajiona una kumbukumbu, piga tu.

Kufungua: kabari, mtutu, silinda

Colt za wakati ule hazina chuma cha juu kinachopita juu ya silinda. Mtutu umeshikwa na fremu kwa kabari moja tu ya chuma inayopita katikati ya mtutu na shafti ya silinda. Muundo huu watu wengi wanausema vibaya kwamba ni dhaifu, mimi kwenye usafi naupenda kuliko wote kwa sababu ukitoa kabari bastola inaachana vipande vitatu na mtutu unasafisha kutokea nyuma bila shida.

Nyundo ya bastola iwe nusu. Angalia kabari upande wa kulia, ina springi bapa yenye mdomo mdogo uliojitokeza. Bonyeza huo mdomo kwa kidole au kijiti, weka kipande chako cha mbao juu ya ncha ya kabari, gonga taratibu kutoka kulia kwenda kushoto. Upande wa kushoto kuna skrubu juu ya kabari, kazi yake ni kuizuia isidondoke na kupotea, kwa hiyo huna haja ya kuitoa kabari kabisa, ikisogea mpaka iachie shafti inatosha. Bastola mpya kabari huwa imekaza balaa, vumilia, gonga kidogo kidogo. Usigonge chuma kwa chuma, itavimba kichwa.

Kabari ikishaachia, mtutu hautoki kwa kuvuta tu. Zungusha silinda ili ile sehemu nene kati ya chemba na chemba iwe chini mbele ya mkono wa kushindilia (ule wenzo ulio chini ya mtutu), alafu sukuma huo mkono kama unashindilia risasi, utagota kwenye silinda na kuusukuma mtutu mbele. Ukilegea, vuta mbele sawa bila kupinda. Silinda nayo inateleza kwenye shafti inatoka.

Ukiwa umeshika silinda ya Navy mkononi iangalie vizuri kwenye mwanga. Ile michoro ya merikebu ni vita ya Campeche ya mei 16, 1843, jeshi la majini la Texas dhidi ya Meksiko, aliichonga Ormsby, na ndo asili ya jina Navy japo bastola yenyewe ilinunuliwa zaidi na watu wa nchi kavu. Michoro hii ni ya kina kifupi sana, ndo maana hakuna kusugua silinda kwa stiluaya.

Wenye Remington ya 1858 New Model Army nyie mna raha yenu, hamna kabari. Nyundo nusu, shusha mkono wa kushindilia kidogo, vuta pini ya silinda mbele, silinda inatoka kwa upande wa kulia ukiizungusha kidogo. Dakika moja. Ila mtutu wenu hautoki, kwa hiyo mnasafisha kwa mbele na lazima muangalie maji machafu yasiingie kwenye mtambo.

Nipeli na mpini

Fungua nipeli zote kwa spana yake. Ikigoma usilazimishe kwa plaizi, loweka sehemu ya nyuma ya silinda kwenye maji ya moto ya sabuni nusu saa ndo ujaribu tena. Ziweke kwenye kikombe kidogo chenye maji ya sabuni, zisipotee.

Mpini wa mbao utoe kabla maji hayajaanza. Kwenye Colt mpini umefunikwa na bamba la mgongo, lina skrubu mbili juu nyuma ya nyundo na moja chini ya kitako. Zipange kama zilivyotoka, zinafanana lakini siyo urefu mmoja. Mbao haiendi majini, ifute tu kwa kitambaa.

Kuosha

Maji ya moto ya kuvumilika kwa mkono wenye glavu, siyo yanayochemka. Kuna wanaopenda yanayochemka wakisema chuma kinajikausha chenyewe, ni kweli, lakini kikikauka haraka bila mafuta kinapata ukungu wa kutu ya njano hapo hapo machoni pako. Maji ya moto wastani na kukausha haraka ndo msimamo wangu.

Tumbukiza mtutu na silinda. Piga brashi mtutuni, ile mifereji iliyojipinda ndani inashika masizi kwenye kona zake, endelea mpaka maji yanayotoka yasiwe meusi. Harufu ya yai bovu utaisikia, ni salfa, kawaida hiyo. Chemba zote sita kwa brashi, matundu ya nipeli kwa mswaki, uzi wake kwa kijiti cha meno kilichofungwa kitambaa. Nipeli zenyewe pitisha waya mwembamba au pini kwenye tundu, usilitanue. Mkono wa kushindilia na kichwa chake watu wanausahau, na pale ulipoungana na mtutu kuna shimo linaloficha uchafu. Shafti ya silinda ina mifereji, isugue sana, ikichafuka ndo silinda inaanza kugoma katikati ya kupiga.

Fremu, kama hujafungua mtambo wote, isiloweshwe yote. Mswaki wenye maji ya sabuni usoni pale silinda inapogusa, kitambaa kilichokamuliwa kwingine. Lakini angalia ndani ya mwanya wa nyundo kama hakuna vipande vya fataki zilizopasuka, vinapenda kudondokea humo na ndo chanzo kikubwa cha bastola hizi kukwama.

Suuza kwa maji safi ya moto. Futa kwa taulo, pitisha vitambaa vikavu mtutuni na kwenye chemba mpaka vitoke vikavu, alafu drayer ya nywele, au oveni ya digrii 90 hivi kwa dakika chache vikiwa vyuma vitupu, hakuna mbao wala plastiki, na kwa mara nyingine tena kwa sababu ni jiko: hakuna chemba yenye mzigo. Vikiwa bado na joto paka mafuta. Joto linasaidia mafuta yaingie na maji ya mwisho mwisho yatoke.

Mafuta gani? Ballistol inafaa, ni mafuta ya Kijerumani ya tangu 1904, yanachanganyika na maji yakawa kama maziwa kwa hiyo hayabishani na masizi. Mafuta ya zeituni ya jikoni yanafanya kazi kama unapiga mara kwa mara, ukiiweka muda mrefu yanaganda. Kwenye shafti na kwenye uzi wa nipeli mi naweka mchanganyiko wa nta ya nyuki na mafuta ya ng'ombe yaliyoyeyushwa pamoja, unadumu hata joto likipanda.

Siki usiitumie. Inatoa kutu kweli, lakini inatoa na ile rangi ya bluu nyeusi ya chuma. Kwa fremu za shaba, zile za kuiga bastola za majimbo ya Kusini wakati wa vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani, kama za Griswold & Gunnison wa Georgia, ile weusi weusi inayokuja ni rangi tu haidhuru, ukitaka ing'ae tumia dawa ya kung'arishia shaba kidogo. Orijino za Colt Navy zilikuwa na fremu ya chuma, kwa hiyo ukimkuta mtu anauza "orijino" ya shaba muulize maswali.

Kufungua mtambo wa ndani

Hii siyo kila ukipiga. Mara chache kwa mwaka, au ukisikia nyundo inavutika kwa ukakasi. Kama huna uhakika acha.

Bamba la mgongo likishatoka utaona springi kubwa bapa inayosukuma nyundo. Nyundo iwe imeshushwa chini kabisa. Legeza skrubu ya springi, isukume pembeni ifyatuke kutoka chini ya nyundo, vaa miwani maana ina nguvu. Kisha kikingio cha triga, skrubu 3, moja mbele na mbili nyuma. Ndani utakuta springi nyembamba yenye miguu miwili, mguu mmoja unasukuma triga na mwingine loki ya silinda. Hii ndo inayovunjika kuliko kipande kingine chochote, nunua ya akiba. Toa skrubu yake, alafu skrubu za triga na loki, mwisho ya nyundo. Nyundo inatoka pamoja na kidole kinachozungusha silinda, kina kijispringi chembamba nyuma yake, usikipinde. Osha, kausha, mafuta matone machache, siyo kuogesha.

Bastola orijino ya thamani usiifanyie lolote katika hili. Replika za viwanda vya Italia kama Uberti au Pietta skrubu unanunua nyingine, ya 1860 skrubu yake ukiikwaruza umepunguza bei, na ukiing'arisha umeimaliza. Hiyo ipelekwe kwa mtaalamu wa vitu vya kale.

Kurudisha

Nyuma kwenda mbele. Nipeli kaza mpaka zikae, usizibane kama nati ya gari. Silinda kwenye shafti, nyundo nusu, mtutu usukume mpaka zile pini mbili za chini ya fremu ziingie kwenye matundu yake, kabari ingiza kutoka kushoto na gonga taratibu mpaka ule mdomo wa springi utokeze kulia. Hapa kuna siri ndogo: kwenye bastola nyingi kabari ikiingia sana silinda inabanwa na mtutu, ikiingia kidogo mtutu unacheza. Izungushe silinda kwa mkono huku ukigonga, ipite huru lakini mwanya wa mbele usizidi unene wa karatasi chache.

Jaribu mtambo kwa dole gumba. Nusu, silinda inazunguka huru. Vuta mpaka mwisho, silinda inafunga bila kucheza. Kisha shusha nyundo pole pole ukiishikilia, usiiachie ipige, inaharibu vichwa vya nipeli. Na usiishushe kutoka nusu, vuta kwanza mpaka mwisho ndo ushushe, vinginevyo loki inakwaruza mstari kuzunguka silinda na mstari huo hautoki.

Ihifadhi bila ganda la ngozi, ngozi inashika unyevu. Iwe kwenye sefu au kabati lenye kufuli, baruti na fataki mahali pengine na zenyewe zimetengana. Baada ya siku mbili tatu pitisha kitambaa cheupe mtutuni, kikitoka na rangi ya chai rudia mafuta, kikitoka cheusi rudia kuosha. Na kabla ya kupiga tena futa mafuta yote kwenye chemba na nipeli, alafu ukiwa uwanjani, kabla hujajaza baruti, piga fataki moja moja kwenye chemba tupu mtutu ukiwa karibu na jani kavu chini. Jani likitikisika njia iko wazi, lisipotikisika nipeli hiyo bado ina mafuta.